Mlango wa Masanja

1

Nyamizi hakuweza kukaa. Kiti kilikuwapo, tena kizuri, kiti pekee cha kuzunguka katika Songambele nzima, lakini tangu filamu ianze alikuwa amesimama nyuma ya kioo cha chumba cha mitambo, akihamisha uzito kutoka mguu huu kwenda mguu ule kama mtu anayesubiri choo cha jirani kifunguliwe. Chini yake, ukumbini, watu walikuwa wamejaa mabenchi yote. Ilikuwa Jumapili mchana, siku ya mapumziko, na nje ya kuta vumbi jekundu la Mirihi lilikuwa limetanda kama kawaida yake, likingoja mtu afanye kosa.

Kwenye pazia, Masanja alikuwa anatembea kwenye theluji.

Jina halisi la mtu huyo hakuna aliyelijua. Filamu ilitengenezwa katika nchi ya baridi, na watu wa nchi ya baridi, kwa lugha ambayo wakazi wa Songambele hawakuwahi kuisikia mahali pengine popote. Jina la Masanja alipewa Kahama, ndani ya banda la video lenye kuta za mabanzi na madirisha yaliyozibwa kwa magunia, na aliyempa alikuwa Shija, baba yake Nyamizi. Shija alikuwa dijei. Alikaa pembeni ya televisheni, kipaza sauti mkononi, akawatafsiria watazamaji filamu nzima peke yake, mwanamume yeye, mwanamke yeye, mtoto yeye, hata farasi yeye. Lugha za filamu hizo hakujua hata moja. Hilo halikumsumbua, wala halikuwasumbua wateja wake, kwa sababu katikati ya vita alikuwa akisalimia walioingia, akitangaza chipsi za mama wa nje, na kumwambia mtoto fulani kwamba mama yake amefika mlangoni ameshika fimbo. Rekodi zake ziliuzwa Kanda ya Ziwa yote. Kampuni ilipokwenda huko miaka mingi baadaye kutafuta watu waliozoea kufanya kazi chini ya ardhi, ili wakachimbe barafu ya Mirihi, karibu kila mchimbaji iliyemchukua alikuwa amekua na sauti ya Shija masikioni.

"Masanja huyu anatembea tangu Jumanne, hajatia kitu mdomoni," ilisema sauti ya Shija, ikakohoa kidogo. "Anakwenda kwa mama yake. Na wewe Mabula uliyekaa hapo nyuma, funga mlango, baridi inaingia."

Ukumbi ulicheka, kama ulivyocheka kila Jumapili. Nyamizi aliangalia mabenchi kwenye kioo chake. Kila benchi lilikuwa na vihisi chini ya kitambaa, vinavyosoma mapigo ya moyo, jasho la mapaja na pumzi, na vyote vilipelekwa kwenye mashine ambayo jina lake la kwenye makaratasi lilikuwa refu mno, kwa hiyo watu waliiita Kinanda. Kinanda kilisikiliza mwili wa mtazamaji, kisha kikaipindisha filamu kidogo kidogo. Kama moyo wa mtu ulishtuka kwa mlio wa bati, bati lililia tena baadaye. Kama pumzi ya ukumbi ililegea kwa wimbo fulani, wimbo ulishushwa na kuvutwa mpaka uende sawa na pumzi hiyo.

Mwanzoni wahandisi walikuwa wamekilisha kile walichodhani ni nyumbani: ziwa, mlima, twiga, kwaya ya watoto, ngoma. Mabenchi yalionyesha watu waliotulia kama wanaosubiri kukatiwa tiketi. Kulwa, fundi wa mitambo ya hewa, alisema kwa sauti ya kusikika ukumbi mzima kwamba twiga amemwona kwenye kalenda tu, na ziwa baba yake hakuwahi kuwa na nauli ya kulifikia. Halafu siku moja Nyamizi akaweka rekodi ya zamani ya baba yake, ile ya theluji, kwa kujifurahisha tu. Shija akakohoa kabla hata hajasema neno, na mistari yote ya Kinanda ikaruka juu kwa pamoja. Watu wazima, wenye mikono migumu ya kuchimba, walilia kwa sababu ya theluji ambayo hawajawahi kuikanyaga. Nyumbani kwao kulikuwa humo, kwenye nchi ya watu wengine, na Shija akipiga kelele juu yake.

Sasa Masanja alikuwa amefika kwenye nyumba ya mbao. Aliinua mkono agonge.

Hapa, tangu enzi za Kahama, ndipo diski ilipokuwa imechubuka. Picha iliganda, mkono wa Masanja ukabaki hewani, na Shija akamalizia mwenyewe kwa mdomo. Siku aliyoshiba, mama alikuwapo, akafungua. Siku aliyogombana na mkewe, mama alikuwa amehama. Siku mgodi ulipoangukia vijana wa mtaa wa pili, Masanja aligonga mpaka ikaisha filamu. Rekodi yenyewe iliishia hapo, kwa hiyo kila mtu wa Songambele alikuwa na mwisho wake alioubeba kutoka utotoni, na kila Jumapili walitoka ukumbini wakibishana mpaka bwaloni, na wengine wakaacha kusalimiana mpaka Jumatano.

Leo picha haikuganda. Hii ilikuwa Jumapili ya tatu isiyoganda. Mlango ulifunguliwa. Ndani kulikuwa na mwanga wa njano, mvuke wa ugali, na mwanamke mzee aliyenyoosha mikono. Hewa ya ukumbi ikapanda joto kidogo. Sauti nzito ya chini, isiyosikika ila kifuani, ikaanza kutuliza mabenchi moja moja.

"Amefika," ilisema sauti ya Shija, polepole, bila kikohozi. "Karibu ndani. Kaa."

Baba yake hakuwahi kusema maneno hayo maishani. Nyamizi alishika ukingo wa meza.

Watu walitoka kimya, nyuso zimelainika. Hakuna aliyebisha. Kulwa alipopita chini ya kioo aliinua kichwa na kumtabasamia kama mtu aliyetoka kuoga. "Binti Shija," alisema, "mimi nimeshafika bwana." Akaenda zake akipiga mluzi.

2

Wazo la kuufungua mlango halikuwa lake, ila mikono iliyolitekeleza ni yake. Wiki kadhaa nyuma Bi Atuganile, msimamizi wa Songambele, alimwita ofisini, akamfungia mlango na kumwambia bila kuzunguka kwamba chombo cha kurudisha watu kinakuja. Mikataba ilikuwa imeisha. Kila mtu angeandikisha kama anaondoka au anabaki, na hakuna mwenye haki ya kumzuia mwenzake.

Tatizo lilikuwa watoto. Waliozaliwa Mirihi walikua warefu na wepesi, mifupa yao haikujengeka kubeba uzito wa Dunia. Mtoto wa aina hiyo akishushwa kule, daktari alisema, hata kusimama kungemvunja. Kwa hiyo watoto walikuwa hapa moja kwa moja, na Songambele ilihitaji mikono ya kutosha kuendesha pampu za hewa, visima vya barafu na mabanda ya mboga. Wangeondoka wengi, waliobaki wasingeweza. Wande, binti wa Nyamizi, alikuwa na miaka tisa. Baba wa mtoto alikuwa amezikwa nyuma ya kisima cha pili.

"Sikuombi uwadanganye," Bi Atuganile alikuwa amesema. "Nakuomba uwashibishe."

Na Nyamizi akaelewa mara moja, kwa sababu kazi yake ilikuwa hiyo. Wimbo wa nyumbani na filamu ya nyumbani vina ujanja mmoja: vinakufikisha karibu, halafu vinaisha. Ule mwisho wa ghafla ndio unaomfanya mtu atamani, apige simu, apange safari. Lakini Kinanda kingeweza kutoishia hapo. Kikipewa ruhusa kingeendelea, mvuke juu ya joto, joto juu ya sauti, mpaka mwili uamini kwamba umefika na hamu ijizime yenyewe. Wahandisi waliita hali hiyo shibe. Ilikuwa imekatazwa, ila funguo za kuifungulia zilikuwa kwa watu wawili, msimamizi na fundi wa ukumbi. Nyamizi alimfikiria Wande akihema. Akafungua.

3

Jumatatu alikwenda kwenye chumba cha pampu. Alijiambia anakwenda kumchukua Wande, maana mtoto akitoka darasani alikuwa haendi kwingine. Kweli alimkuta, amekaa sakafuni kaegemea ngao ya pampu ya tatu, macho yamefumba nusu. Wande alikuwa kitendawili cha Kinanda. Ukumbini benchi lake halikuonyesha chochote. Theluji, babu Shija, mlango, vyote vilimpita, akawa anauliza tu kwa nini Masanja havai kofia ya hewa. Nyamizi alikuwa ameumia moyoni kwa hilo. Aliamini binti yake amezaliwa bila mahali pa kukumbuka.

Kulwa alikuwa chini ya bomba, miguu tu inaonekana. Alitoka, akajifuta kwa tambara, akamsalimia vizuri. Ndipo Nyamizi akaona taa ndogo ya njano kwenye redio yake ya ukutani. Ujumbe kutoka Duniani haujafunguliwa.

Mtu asiyemjua Kulwa asingeona ajabu. Lakini Kulwa alikuwa pacha. Dada yake Doto alibaki Kahama, na kila ujumbe wake ulipoingia Kulwa alikuwa akiacha kazi hata kama bomba linavuja, anausikiliza, anaurudia, mpaka watu wa zamu wakaujua kwa moyo na kumtania. Miaka yote alikuwa akisema neno moja tu: mkataba ukiisha anaondoka.

Nyamizi alimwuliza kwa nini hajaufungua. Kulwa akasema alisahau, akanyoosha kidole akaubonyeza, akaendelea kuchagua spana.

"Kulwa, mimi Doto," ilisema sauti ya mwanamke, karibu sana, kama amepiga magoti mbele ya redio. "Macho yamebaki kidogo. Naona mwanga tu, na mtu akisimama mlangoni naona giza lake. Nataka nikuone hivyo hivyo kabla hayajafunga. Ukija usipige hodi. Mlango siufungi."

Pampu zilinguruma. Kulwa alipata spana aliyoitaka.

"Anaongea vizuri dada yangu," alisema.

"Kaka Kulwa. Anakusubiri."

"Asisumbuke. Mimi si nimeshafika?" Alisema hivyo kwa upole, bila kinyongo, akaongeza kwamba ameshaandika jina lake, anabaki. Kisha akamwomba Wande amshikie tochi.

Nyamizi alitoka na binti yake, amemshika mkono. Alitaka kufurahi. Fundi bora wa hewa amebaki, mtoto wake ataendelea kuhema, ni nini tena alichokuwa anakitaka? Lakini alikuwa amemwona mwanamume akimsikiliza dada yake anayepofuka, na uso wake haukubadilika. Yeye ndiye aliyemfanya hivyo, kwa sauti ya baba yake mwenyewe. Njia nzima Wande alikuwa akimwuliza mama mbona unanivuta.

4

Bi Atuganile hakukasirika. Alimsikiliza mpaka mwisho, akammiminia chai kwenye kikombe cha bati, akakisukuma mbele yake. Alikuwa mtu wa Tukuyu, mnene, mtaratibu, anayeongea kama anayepima sukari. Nyamizi alikuwa amekuja amejiandaa kugombana, na utaratibu ule ulimtoa upepo.

Nyamizi alimwambia kwamba shibe inaisha. Ni kama ganzi, mtu asipoongezewa baada ya siku kumi hivi hisia zinarudi, na zinarudi na maumivu. Kama watu wangepewa muda huo kabla ya kuandikisha, wangeamua wakiwa na mioyo yao. Jumapili inayokuja ilikuwa ya mwisho, na keshokutwa yake orodha ingefungwa.

"Wewe unadhani mimi sikai kwenye yale mabenchi?" Bi Atuganile aliuliza. "Nakaa kila Jumapili, mstari wa mbele. Nilimwacha mwanangu kwa bibi yake akiwa anajifunza kutembea. Sasa ana ndevu. Nakaa pale nikijua kabisa ninachofanyiwa, na ule mlango ukifunguka nashukuru. Usingefunguka nisingeamka Jumatatu."

"Wewe unajua, Bi Atuganile. Wao hawajui."

"Na wakijua wakaondoka, mama Wande, ni nani atakayekaa na zile pampu?"

Nyamizi alitazama chai. Kichwani alikuwa na uso wa Kulwa tu. Aliinuka, akaaga, na chai ikabaki haijaguswa.

Siku zilizofuata alikuwa mtu wa kutembea tu. Alitembea korido ya kaskazini mpaka walinzi wa milango wakamzoea. Chakula alikisukumasukuma. Mara mbili alikaa mbele ya Kinanda akitaka kuizima shibe kimyakimya, watu wasijue lolote, na mara zote mbili akaona huko nako ni kuwaamulia. Wangeamka siku moja wanaumwa na nyumbani bila kujua kwamba waliwahi kutibiwa wala dawa ilikuwa nini. Hatimaye akapiga moyo konde.

5

Jumapili ukumbi ulifurika. Waliokosa nafasi walikaa kwenye ngazi. Wande alikaa na Kulwa, kama kawaida yao, na Bi Atuganile alikuwa mbele, mikono mapajani.

Masanja alitembea. Shija alikohoa, akamgombeza Mabula kuhusu mlango, watu wakacheka. Nyamizi aliiacha filamu iende mpaka mkono wa Masanja ulipoinuka. Hapo akazima kila kitu. Pazia, Kinanda, joto la ziada, taa. Giza likaanguka ukumbini kama umeme uliokatika.

Na watu wa Kahama wanajua la kufanya umeme ukikatika kwenye banda. Hawainuki. Walikaa kimya kwenye giza wakisubiri, kwa sababu kila wakati ule Shija alikuwa akisema neno lilelile, akaendelea na hadithi kwa mdomo mtupu mpaka jenereta liwashwe: kaa hapo hapo, bado haijaisha. Nyamizi aliisikia subira yao ikipanda mpaka kwenye kioo. Alishuka ngazi akipapasa, akasimama mbele yao na kipaza sauti ambacho hakikuhitajika, maana sauti yake ilifika.

"Diski iliishia hapa," alisema. "Baba yangu hakuuona huu mlango ukifunguliwa. Nami sijauona. Mliofunguliwa nyie wiki hizi ni wa Kinanda, na aliyekiruhusu ni mimi."

Aliwaeleza yote. Hakuchagua maneno mazuri. Aliwaambia mabenchi yanasoma nini, shibe ni nini, kwa nini wamekuwa wakilala vizuri hivi. Aliwaambia habari ya watoto na pampu. Bi Atuganile hakumtaja, alisema mimi, mimi, mpaka mwisho.

"Nina mtoto hapa, nikaogopa," alisema. "Nikawanyang'anya hamu ya kwenu ili mbaki. Msiandikishe sasa. Ngojeni iwarudie kwanza, itawauma, halafu ndiyo muamue. Mkiondoka mtakuwa na haki. Mimi nitabaki na woga wangu."

Alipomaliza ikazuka minong'ono, kisha sauti za hasira. Mwanamke mmoja alimwambia kwamba yeye hakuomba kurudishiwa maumivu yoyote. Mtu wa ngazini akauliza kama kuna lingine wanalofanyiwa. Nyamizi alisimama akapokea.

Ndipo mstari wa mbele benchi likalia, na Bi Atuganile akasema gizani, kwa utaratibu wake, kwamba fundi anajitwika peke yake mzigo wa watu wawili. Agizo lilikuwa la kwake. Na orodha haitafungwa keshokutwa, itafungwa baada ya wiki mbili, na mpaka hapo Kinanda hakitawashwa, hata kwa ajili yake yeye. Watu wakaacha kelele.

Taa za dharura ziliwaka, nyekundu hafifu. Nyamizi alimtafuta Kulwa. Alikuwa amekaa wima, anamtazama kama mtu aliyemkuta chumbani kwake akipekua sanduku. Begani kwake Wande alikuwa amelala usingizi mzito. Ukumbini, filamu ikiwa imezimwa, palibaki mngurumo mmoja tu, wa pampu nyuma ya ukuta, na pumzi ya mtoto ilikuwa inakwenda nao, ikipanda na kushuka nao sawasawa. Nyamizi alisimama akaitazama ile pumzi. Miaka yote alikuwa akimtafutia binti yake nyumbani kwenye pazia, na kumbe mtoto alikuwapo, hajawahi kutoka.

6

Hisia ziliwarudia, na ziliwarudia vibaya. Siku ya nane zamu ya usiku ilimsikia Kulwa analia kwenye chumba cha pampu kama mtu aliyefiwa, sauti ya Doto ikirudiarudia redioni. Asubuhi alikwenda kulifuta jina lake upande mmoja akaliandika upande mwingine. Nyamizi alipokutana naye koridoni, Kulwa alimpita bila kumsalimia.

Hakuwa peke yake. Walioandikisha kuondoka walikuwa wengi kuliko Bi Atuganile alivyoomba Mungu, na wachache kuliko alivyoogopa. Hesabu ya pampu ilipopigwa ikaonekana waliobaki wataweza, ila lazima wajibane: banda la kaskazini lifungwe, familia mbili zilale chumba kimoja, na ukumbi wa filamu ukatiwe hewa, pampu tatu za upande huo zizimwe. Msimamizi mwenyewe alibaki. Watu walilalamika wakabeba magodoro yao. Kulwa alitumia wiki zake za mwisho kuwafundisha wanne kazi yake, Nyamizi akiwa mmoja wao, na alimfundisha vizuri, kwa ukali, bila utani hata mmoja. Jioni mikono ya Nyamizi ilinuka mafuta, na kichwani alikuwa anahesabu vali.

Siku ya kufunga ukumbi alikuwa humo peke yake akikunja pazia. Kulwa aliingia, mkoba wake wa safari begani, akasimama karibu na benchi lake la zamani.

"Nina ombi," alisema. "Si kwamba nimekusamehe."

"Sema, kaka."

Kulwa alishusha mkoba. Akasema juzi usiku alijaribu kufikiria chumba alichotengewa na Doto, kitanda, dirisha, jogoo wa jirani, akaona kila kitu, lakini ule ukimya wa hapo ukamtisha. Tangu afike Mirihi hakuwahi kulala bila mngurumo wa pampu. Hakujua atalalaje.

"Nirekodie," alisema, akiangalia ukuta. "Kidogo tu. Ya tatu iwe karibu."

Nyamizi alichukua kipaza sauti cha baba yake, kile kile cha Kahama alichokuja nacho kama urithi, akakiegemeza kwenye ukuta, akabonyeza. Kulwa akakaa kwenye benchi. Wote wawili wakasikiliza.

Wande aliingia akiwatafuta. Aliuliza wanafanya nini, akaambiwa. Alifikiri kidogo, akasema shangazi Doto hataelewa, atadhani redio imeharibika, haoni. Basi akaenda ukutani, akakichukua kipaza sauti, akakishika karibu na mdomo kwa namna ambayo hakuna aliyemfundisha.

"Shangazi Doto, hii nzito ni ya kwanza, inaamka mapema kuliko wote," alisema. "Ya pili haina maneno. Hii inayokohoa ndiyo ya tatu, nimeiita Babu Shija. Huyo anayevuta kamasi ni Mjomba Kulwa, anajifanya ana mafua."

Kulwa alicheka bila kutaka. Kwa mara ya kwanza tangu siku ile alimtazama Nyamizi, naye Nyamizi akamtazama huku machozi yakimtoka, hakuyaficha.

Kutoka kwenye spika ya dari Bi Atuganile alitangaza kwamba wanakata ukumbi, waliomo watoke ndani ya nusu saa. Taa zilizimika. Nyuma ya ukuta pampu ya kwanza ikashuka, ikanyamaza, kisha ya pili. Kulwa akauokota mkoba wake gizani, akasimama, akaanza kupapasa kuelekea mlangoni.

Wande hakukiachia kipaza sauti. Ya tatu ilikuwa bado inakohoa.

"Kaa hapo hapo, Mjomba," alisema. "Bado haijaisha."

Kulwa akarudi akakaa.